UZI: Kikosi cha 443, shule ya marubani wa ndege za mizigo, kutoka misitu ya Burma hadi Oklahoma

Mleta mada

Wakuu, salaam. Humu jukwaani tumeshajadili sana ndege za kivita, kasi zake na makombora yake, lakini ndege ya mizigo haijawahi kupata uzi wake, na mtu aliyemfundisha rubani wa ndege hiyo hatajwi kabisa. Naomba nizibe pengo hilo kwa kuwaletea historia ya kikosi kimoja cha Jeshi la Anga la Marekani, Kikosi cha 443, ambacho kwa miaka 26 kazi yake kubwa ilikuwa kufundisha wanaanga wa ndege kubwa za usafirishaji. Nitasimulia kwa vipande, kwa hiyo anayetaka kuuliza aulize.

Nianze na sababu ya kuvutiwa kwangu. Babu yangu mzaa mama alipelekwa Burma na Keya, yaani King's African Rifles, akiwa ndani ya Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki. Katika nusu ya pili ya mwaka 1944 divisheni hiyo iliteremka bonde la Kabaw katikati ya masika ya huko, barabara zikiwa tope tupu, malaria na homa ya utitiri (scrub typhus) vikiwapukutisha watu, na mnamo Desemba ikauvuka mto Chindwin kwa daraja la chuma la mita zipatazo 350 lililounganishwa pale Kalewa. Chakula na risasi vilitoka angani. Mzee alikuwa akisema kwamba kitu alichokihofia baada ya risasi ya Mjapani ni gunia lililodondoshwa bila mwavuli. Nikiwa mtoto nilidhani anatutania, hadi nilipokuja kusoma mwenyewe jinsi kazi ile ilivyofanyika.

Mchele na vitu visivyovunjika havikufungiwa mwavuli, kwa sababu miavuli ilikuwa michache na ghali. Vilitiwa katika gunia ndani ya gunia, la nje likiwa pana kuliko la ndani, ili la ndani likipasuka kwa kishindo la nje liuzuie mchele usimwagike. Ndege iliyotumika zaidi ilikuwa C-47, ile ambayo Waingereza waliiita Dakota, yenye injini mbili na uwezo wa kubeba chini kidogo ya tani tatu. Mlango wake wa ubavuni uling'olewa kabisa. Rubani alishuka hadi chini ya vilele vya milima, akazunguka juu ya uwazi mdogo msituni, na taa au kengele ilipotoa ishara, wasukumaji walilala chali sakafuni, wakaegemeza migongo yao kwenye mwili wa ndege, wakayasukuma magunia nje kwa miguu. Kisha ndege ilizunguka na kurudi tena, na tena, kwa sababu kwa kila mpito yaliweza kutoka magunia machache tu kabla uwazi ule haujapita. Kuzungusha ndege yenye shehena katika bonde jembamba, huku uzito wake ukibadilika kila mpito, si jambo ambalo rubani hulijua kwa kuzaliwa.

Mojawapo ya makundi yaliyofanya kazi hiyo ni Kundi la 443 la kubeba askari, lililoundwa India tarehe 15 Februari 1944. Lilianzia Sylhet, mji ambao leo uko Bangladesh, likahamia Sookerating, Dinjan na Ledo katika Assam. Niseme mapema ili nisijipatie sifa zisizo zangu: wakati babu akiwa bonde la Kabaw, kundi hili lilikuwa Dinjan na Ledo likihudumia majeshi ya upande wa kaskazini wa Burma. Gunia alilokimbia mzee lilitoka katika ndege za wengine. Mbinu, hata hivyo, ilikuwa hiyo hiyo.

Agosti 1945 kundi lilivukia China, katika uwanja wa Chihkiang. Mwezi uliofuata lilipewa kazi ya kulibeba jeshi la Kichina la watu zaidi ya 30,000 kutoka Chihkiang hadi Nanking, na kwa kazi hiyo likatunukiwa heshima ya juu ya kikosi. Desemba mwaka huo huo likavunjwa. Ishikeni heshima hiyo, kwa maana tutaikuta tena mahali pasipotarajiwa.

Mleta mada (inaendelea)

Miaka iliyofuata nitaipitia haraka. Mwaka 1949 namba 443 ilifufuliwa kama kikosi cha akiba katika uwanja wa Hensley, jirani na Dallas, Texas. Vita vya Korea vilipoanza, askari wa akiba waliitwa, na Mei 1951 kikosi kikaingia kazini kikiwa na ndege za C-46, kikahamia kituo cha Donaldson, South Carolina, kikabadilishiwa ndege na kupewa C-119, na Februari 1953 kikarudishwa kulala. Hakuna makubwa ya kusimulia hapo.

Jambo linalotuhusu lilikuwa likitokea kwingine kabisa. Mwaka 1948 Marekani ilikuwa imeunganisha usafirishaji wa anga wa masafa marefu chini ya shirika moja la kijeshi lililojulikana kwa kifupi kama MATS. Shirika hilo likagundua upesi kwamba haliwezi kuendelea kuchukua marubani waliotoka kwenye ndege za mabomu au ndege ndogo na kuwaambia wavuke bahari na tani ishirini za mizigo. Kwa sababu hiyo mwaka 1952 liliunda kikosi cha mafunzo, Kikosi cha 1707, katika uwanja wa West Palm Beach, Florida. Hapo walifundishwa wanaanga wa C-97 na wa C-124, lile dude lenye injini nne za pistoni ambalo pua yake hufunguka kama kinywa cha kiboko, magari yakapanda kwa kuendeshwa. Uwanja huo jeshi lilikuwa likiutumia pamoja na ndege za abiria, na mwaka 1959 shule ikahamishiwa Tinker, karibu na Oklahoma City.

Ni pale Tinker ndipo C-141 ya kwanza ya kazi ilipokabidhiwa, Oktoba 1964. Tafakarini hilo kidogo. C-141 ilikuwa ndege ya kwanza ya Marekani iliyosanifiwa tangu mwanzo kuwa ya mizigo ya kijeshi inayotumia injini za jeti, nayo haikupelekwa kwanza kwa vikosi vilivyokuwa vikiisubiri kwa hamu, bali kwa walimu. Kituo cha Travis, California, kilipata yake ya kwanza mwaka uliofuata, wakati tayari wapo wanaanga wanaoijua. Hesabu ya namna hiyo sijaiona ikifanywa mara nyingi katika taasisi zetu, ambako mashine huja kwanza, mafunzo hufuata baada ya mashine kuharibika.

Mchangiaji

Mkuu, uzi mzuri, lakini umenipoteza. Umeanza na 443 ya Burma, ukaizika mara mbili, sasa unatusimulia 1707 ya Florida. Hivyo ni vikosi viwili tofauti. Vimekuwaje historia moja?

Mleta mada

Swali lako ndilo moyo wa uzi huu, na nilikuwa nalingojea.

Katika Jeshi la Anga la Marekani namba ya kikosi si anwani tu. Ni kitu kinachorithiwa, mithili ya jina la babu kwa mjukuu. Kikosi kikilazwa, bendera yake hukunjwa na kuhifadhiwa pamoja na tuzo zake zote, na siku jeshi likiamua kuiamsha namba hiyo, kikosi kipya huamka na heshima za zamani hata kama hakina mtu mmoja aliyekuwapo wakati zinapatikana. Utaratibu wao pia unaruhusu kikosi kikubwa kukopeshwa historia ya kundi lenye namba kama yake, na hivyo ndivyo zile siku za Burma zinavyoingia katika kumbukumbu za kikosi cha baadaye.

Namba za tarakimu nne kama 1707, kwa upande mwingine, hazikuwa za jeshi zima. Zilikuwa za kamandi iliyoviunda vikosi hivyo, za muda, na kikosi kilipofutwa historia yake ilikufa nacho. Mtu angeweza kufundisha miaka kumi na minne Florida na Oklahoma, akaondoka, na kikosi chake kisiache chochote cha kurithiwa.

Tarehe 1 Januari 1966 MATS iligeuzwa kuwa Kamandi ya Usafirishaji wa Anga, MAC, na wiki moja baadaye, tarehe 8 Januari, vikosi vyake vya tarakimu nne vikafutwa kwa pamoja, mahali pake pakachukuliwa na namba zenye ukoo. Kikosi cha 1707 kililala usiku kikiwa 1707, kikaamka 443. Walimu walikuwa wale wale, ndege zile zile, kituo kile kile cha Tinker, hata wanafunzi walikuwa katikati ya kozi. Ila sasa walikuwa, kwa karatasi, warithi wa wale waliosukuma magunia ya mchele kwa miguu.

Ndiyo maana nasema kwamba anayesimulia historia ya kikosi hiki analazimika kufuata nyuzi mbili, moja ya namba, moja ya kazi. Zilikutana mwaka 1966, na tutaona zilivyokuja kuachana.

Mleta mada (inaendelea)

Mei 1969 Kikosi cha 443 kilihamia Altus, mji mdogo katika kona ya kusini magharibi ya Oklahoma, nchi tambarare ya pamba na ngano ambayo wakazi wake wamezoea upepo kuliko mvua. Kituo hicho kilifunguliwa mwaka 1943 kufundisha marubani wa ndege za injini mbili, kikafungwa baada ya vita, kikafunguliwa tena mwaka 1953 kwa ajili ya ndege za mabomu. Kwa miaka michache ya sitini kilizungukwa na mashimo kumi na mawili ya makombora ya Atlas. Kwa shule ya ndege kubwa, faida yake ilikuwa ile ile iliyowafanya vijana wengi wakichoke: anga pana, ardhi tupu, majirani wachache wa kulalamika kuhusu kelele.

Desemba mwaka huo huo wa 1969 ikaja C-5, na mara hii pia ndege ya kwanza ya kazi ilikabidhiwa kwa shule. Kwa wasioifahamu: urefu wake ni mita 75, mabawa yake kutoka ncha hadi ncha ni mita 68, magurudumu ni 28. Ghala lake lina urefu unaozidi ule umbali walioruka ndugu Wright katika safari yao ya kwanza kabisa mwaka 1903, maana yake safari hiyo yote ingeweza kufanyika ndani ya tumbo la ndege hii na nafasi ikabaki. Pua yake hunyanyuliwa juu, mkia wake hufunguliwa, na ndege yenyewe hupiga magoti kama ngamia ili sakafu yake ikaribiane na ardhi. Lori huingia kwa nyuma na kutokea mbele.

Ndege kama hiyo hairushwi na rubani. Hurushwa na kundi la watu, na ndiyo maana shule ya Altus haikuwa shule ya marubani peke yao. Kikosi kilikuwa na skwadroni mbili za kurusha, ya 56 kwa C-5 na ya 57 kwa C-141, na katika madarasa yake waliketi rubani, rubani msaidizi, mhandisi wa ndege na mkuu wa shehena, kila mmoja na mtaala wake, kabla ya kuunganishwa na kurushwa pamoja.

Mhandisi hukaa nyuma ya marubani, akitazama ubao wake wenye saa za mafuta, za umeme, za hewa ya ndani na za mifumo ya majimaji inayosukuma usukani na magurudumu. Kabla ya kupaa ndiye anayekokotoa kwa uzito huu, joto hili na mwinuko huu wa uwanja ndege itahitaji mita ngapi na ni kasi gani ambayo ikishapitwa hakuna tena kusimama. Mwanafunzi wa uhandisi aliyekosea hesabu hiyo darasani alirudishiwa karatasi, na ni afadhali karatasi irudi kuliko ndege isirudi.

Baada ya darasa ilifuata simuleta, chumba kinachoigiza ndege, ambamo mwalimu huketi nyuma na kuua injini moja baada ya nyingine bila kutoa taarifa. Mwisho ndiyo ndege yenyewe, na sehemu kubwa ya saa za ndege haikwenda kwenye safari bali kwenye mizunguko: kushuka, kugusa njia ya kurukia, kupaa tena bila kusimama, kuzunguka, kushuka tena, hadi mkono wa mwanafunzi ujue wenyewe kwamba macho yake yako juu sana kutoka ardhini, na kwamba magurudumu ya nyuma yatagusa muda mrefu kabla yeye hajahisi amefika.

Mchangiaji

Mkuu, mimi nimefanya kazi bandarini muda mrefu, na hapo kwenye mkuu wa shehena umepita kwa haraka mno. Naomba ulieleze hilo. Je, huyo ni sawa na karani wa melini, au ni mpangaji mizigo?

Mleta mada

Ni vyote viwili, na cha tatu juu yake, maana yeye husafiri na mzigo wake.

Nitumie lugha ya bahari, kwa kuwa wewe ni wa huko. Nahodha wa jahazi anajua kwamba chombo kitupu kinahitaji farumi, yaani uzito wa kukituliza, na kwamba shehena ikirundikwa mbele chombo kitazamisha pua. Baharini, mzigo ukikaa vibaya una nafasi ya kupunguza mwendo na kuwaamuru mabaharia wausogeze. Angani nafasi hiyo haipo. Kila kitu kinachoingia ndani ya ndege kina uzito, na kina umbali kutoka alama moja ya kuanzia kupimia. Mkuu wa shehena huzidisha kimoja kwa kingine, akajumlisha vyote pamoja na mafuta na watu, akagawanya kwa uzito mzima, na jibu analopata ni mahali ambapo ndege nzima ingesimama sawa kama ungeining'iniza kwa kamba. Mahali hapo pasipokuwa ndani ya mipaka iliyowekwa, ndege haipai. Au inapaa, halafu pua inakataa kushuka.

Baada ya hesabu kuna minyororo. Kila lori, kila kifaru hufungwa kwa minyororo ambayo idadi na pembe zake pia hukokotolewa, kwa kuwa mzigo wa tani hamsini ukiachia wakati wa kupaa huteleza kuelekea mkiani, na hakuna rubani duniani awezaye kuurudisha. Wale wa Burma waliyafanya haya kwa macho na uzoefu. Tofauti kubwa kati ya Kundi la 443 la mwaka 1944 na Kikosi cha 443 cha mwaka 1970, kwa maoni yangu, haiko kwenye injini. Iko kwenye karatasi ya mkuu wa shehena.

Mleta mada (inaendelea)

Sasa nije kwenye miaka ambayo shule ilipimwa.

Oktoba 1973, vita vya Mashariki ya Kati vilipopamba moto, Marekani iliamua kuipelekea Israeli silaha kwa ndege. Nchi za Ulaya, isipokuwa Ureno, zilikataa viwanja vyao visitumike, kwa hiyo kila kitu kilipitia Lajes, uwanja ulio katika kisiwa cha Ureno katikati ya Atlantiki. Kwa siku 32 C-141 na C-5 zilifanya safari 567 na kubeba zaidi ya tani 22,000. Wengi husifia namba hizo. Mimi navutiwa zaidi na aibu iliyojificha nyuma yake: C-5 ilikuwa na tundu la kupokea mafuta angani tangu ilipotoka kiwandani, lakini katika operesheni hiyo halikutumika, na C-141 haikuwa nalo kabisa. Bila Lajes, daraja lote la anga lingekatika.

Somo hilo lilirudi Altus kwa njia ya mtaala. Wanaanga wa C-5 wakaanza kufundishwa kujongea nyuma ya ndege ya mafuta na kutulia hapo, jambo gumu kwa ndege nzito ambayo kila ukisukuma usukani hujibu baada ya kitambo kidogo. Kati ya 1977 na 1982 C-141 zipatazo 270 zilirefushwa kwa mita 7 hivi, kwa sababu ilionekana ghala lake hujaa kabla uzito wake haujatimia, na wakati huo huo zikawekewa tundu la mafuta. Ghafla kila rubani wa C-141, hata mkongwe, akawa na kitu kipya cha kujifunza.

Ajali nayo haikosi. Tarehe 27 Septemba 1974, ndani ya Oklahoma hiyo hiyo, C-5 moja ilipatwa na moto mkubwa kwenye magurudumu na ikalazimika kutua kwa dharura. Iliyokusudiwa ilikuwa njia ya kurukia ya Clinton-Sherman, kituo cha zamani cha ndege za mabomu, yenye zaidi ya mita 4,000. Wanaanga walijipanga kwa macho kwenye uwanja wa manispaa ya Clinton, ulio jirani, wenye mita zipatazo 1,340. Walipogusa ardhi njia ikawa imekwisha. Ilikuwa C-5 ya kwanza kupotea ikiwa safarini kikazi. Ukiitazama ramani leo utasema hawa watu walikuwa na upofu gani, lakini weka moshi, taa za hatari, orodha ya dharura inayosomwa kwa sauti, na viwanja viwili vyenye jina la Clinton, ndipo utaelewa kwa nini mwalimu wa simuleta hupenda kuwasha mambo matano kwa wakati mmoja.

Mchangiaji

Je, hawa watu wana uhusiano wowote na huku kwetu, ukiacha babu na Burma?

Mleta mada

Upo, na unakutana na mwisho wa kikosi kwa namna ya ajabu.

Agosti 1992, njaa ya Somalia ilipofikia kilele, Marekani ilianzisha daraja la anga la chakula kutoka uwanja wa Moi, Mombasa. C-130 na C-141 zilitua pale, na wenyeji wa Changamwe na Port Reitz waliokuwa na umri wa kuona wanayakumbuka mabawa yale yaliyoinamia chini. Hao marubani wa C-141, wahandisi wao na wakuu wa shehena wao walikuwa wamepitia mafunzo ya ndege hiyo katika shule ya Altus. Miaka miwili baadaye, Julai 1994, C-5 na C-141 zilionekana Entebbe na Goma zikileta mashine za kusafisha maji kwa ajili ya wakimbizi wa Rwanda waliokuwa wakifa kwa kipindupindu.

Kati ya matukio hayo mawili, Kikosi cha 443 kilikuwa kimetoweka. Vita baridi vilikwisha, vituo vikafungwa, na mkuu wa Jeshi la Anga wa wakati huo, Jenerali Merrill McPeak, akataka namba zenye historia nzito zisilale hali namba changa zikiendelea kutumika. Kule Arkansas kituo cha Eaker kilikuwa kinafungwa, na kikosi chake cha ndege za mabomu kilikuwa cha 97. Namba hiyo ina ukoo wa kutisha: tarehe 17 Agosti 1942 Kundi la 97 liliruka kutoka Uingereza kwenda Rouen, Ufaransa, likiwa na B-17 kumi na mbili, katika shambulio la kwanza la ndege nzito za Marekani kutoka visiwa vile. Rubani wa ndege iliyoongoza alikuwa Paul Tibbets, yule yule ambaye miaka mitatu baadaye alibeba bomu la atomiki hadi Hiroshima. Kituo cha Eaker chenyewe kilipewa jina la jenerali aliyekuwa katika msafara huo wa Rouen.

Basi tarehe 1 Oktoba 1992 bendera ya 443 ilikunjwa Altus na bendera ya 97 ikakunjuliwa mahali pale pale. Walimu walikuwa wale wale, ndege zile zile. Namba iliyokuja mwaka 1966 kuondoa namba isiyo na ukoo, yenyewe iliondolewa na namba yenye ukoo mkubwa zaidi. Na huyu mrithi mpya, ambaye sifa zake zote zilikuwa za kudondosha mabomu, akaanza kufundisha watu kudondosha chakula.

Nikiri upendeleo wangu: naona 443 haikutendewa haki. Kama kigezo ni historia, basi kikosi cha usafirishaji kilistahili kubaki na namba iliyopatikana kwa kusafirisha. Lakini najua wapo humu watakaosema kwamba mwanafunzi wa mkuu wa shehena hana haja na namba, ana haja na mnyororo ulio imara.

Mchangiaji

Nakubaliana na hao wengine. Shule ni walimu, namba ni rangi ya ukutani. Ila niambie shule hiyo bado ipo, na ndege ulizozitaja ziko wapi?

Mleta mada

Ipo Altus hadi leo, chini ya Kikosi cha 97, ambacho mwaka 1993 kiliwekwa katika kamandi ya elimu na mafunzo. C-17 ilifika mwaka 1996. Ndege hiyo inatua penye mita zipatazo 1,070, na Altus pana kipande cha njia fupi kilichojengwa makusudi ili wanafunzi wajifunze kuisimamisha hapo. Wanaanga wake ni watatu tu, marubani wawili na mkuu wa shehena mmoja, kwa sababu kompyuta imekikalia kiti cha mhandisi. Mafunzo ya ndege za mafuta nayo yapo hapo, KC-135 kwanza, na tangu Februari 2019 KC-46, kwa hiyo anayefundishwa kutoa mafuta na anayefundishwa kuyapokea sasa wanatumia uwanja mmoja.

C-141 zimekwisha. Ya mwisho, ile iliyokwenda Hanoi tarehe 12 Februari 1973 kuwachukua wafungwa wa kwanza wa kivita, ilirushwa Mei 2006 hadi makumbusho ya Jeshi la Anga huko Dayton, Ohio, na imekaa hapo.

C-5 bado zinaruka, na wahandisi wake wamo ndani, lakini si Altus tena. Mafunzo yake yalihamishiwa San Antonio, Texas, kwa kikosi cha akiba ambacho namba yake ni 433. Nimeandika 433, sijakosea kuchapa.